Kuvua Glavu si Kushindwa

Wahenga walinena kuwa ukiona vyaelea, vimeundwa. Yamkini hakuna mchezaji anayestahili methali hii kuliko mlinda wiketi katika mchezo wa kriketi. Yeye huchutama nyuma ya vigingi vitatu, glavu mikononi na pedi miguuni, akiungojea mpira ambao mpigaji huenda akaukosa. Katika mchezo wa ova hamsini, warushaji hurusha mipira mia tatu halali, na mlinda wiketi huchutama na kuinuka mara mia tatu. Akidaka mipira mia mbili na tisini na tisa bila kosa, hakuna anayepiga makofi. Ukimponyoka mmoja tu, uwanja mzima hushika vichwa. Kazi yake haionekani hadi inapoharibika.

Wakenya hawahitaji kwenda mbali kutafuta ushahidi. Katika Kombe la Dunia la mwaka 1996, Tariq Iqbal, mlinda wiketi wa Kenya, alichekwa sana kwa mipira iliyomponyoka. Kisha ikafika tarehe 29 Februari, mjini Pune nchini India. Brian Lara wa West Indies, mmoja wa wapigaji mahiri kuliko wote duniani wakati huo, aliugusa mpira wa Rajab Ali kwa ukingo wa gongo lake, na Iqbal akaudaka. Kenya iliyokuwa imepata mikimbio 166 pekee ikawazima wapinzani wao kwa 93. Tangu siku hiyo, mtu aliyekuwa kichekesho amebaki katika kumbukumbu za taifa kama shujaa. Hivyo ndivyo nafasi hii ilivyo: humpandisha mtu na kumshusha kwa kufumba na kufumbua.

Mzigo wa namna hii ndio alioubeba Sarah Taylor wa Uingereza kwa miaka kumi na mitatu. Maisha yake ya uchezaji yana mafunzo mengi, lakini lipo moja ambalo aghalabu husahauliwa na wanaomsifu, nalo ndilo lenye thamani kubwa zaidi kwa msomaji wa Afrika Mashariki, hususan aliye katika chuo kikuu. Funzo lenyewe ni kwamba kujua wakati wa kuvua glavu ni sehemu ya ustadi wa kuzivaa. Taylor hakuwa hodari licha ya kupumzika. Alidumu katika uhodari wake kwa sababu alipumzika.

Taylor alizaliwa jijini London tarehe 20 Mei 1989. Akiwa mwanafunzi wa Brighton College, alicheza katika timu ya wavulana pamoja na msichana mwenzake, Holly Colvin, ambaye naye alikuja kuichezea Uingereza. Wapo walionung'unika kuwa uwanja wa wavulana si mahali pa wasichana. Manung'uniko hayo yanashangaza yakipimwa kwa mizani ya historia, maadamu Kombe la Dunia la kriketi la wanawake lilichezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1973, miaka miwili kabla ya lile la wanaume. Wanawake hawakuukuta mchezo huu mezani wakaomba makombo. Walikuwa jikoni tangu mapema.

Mnamo Agosti 2006, akiwa na umri wa miaka kumi na saba, Taylor aliingia katika timu ya taifa na kucheza dhidi ya India. Kabla ya mwaka 2009 kumalizika, alikuwa mshindi wa vikombe viwili vya dunia: kile cha ova hamsini kilichonyakuliwa mjini Sydney mwezi Machi, na kile cha ova ishirini kilichonyakuliwa uwanjani Lord's mwezi Juni. Baraza la Kriketi la Kimataifa lilimtangaza kuwa mchezaji bora wa kike wa ova ishirini mwaka 2012 na tena mwaka 2013, kisha mchezaji bora wa ova hamsini mwaka 2014. Mnamo Oktoba 2015, akawa mwanamke wa kwanza kucheza katika daraja la juu la vilabu vya wanaume nchini Australia, akiilindia wiketi Northern Districts ya Adelaide.

Kilichowashangaza wajuzi ni mahali alipokuwa akisimama. Mrushaji anapokuwa na kasi, walinda wiketi wengi hurudi nyuma hatua kadhaa ili wapate muda wa kuuona mpira. Taylor alizoea kusimama karibu kabisa na vigingi, hata kwa warushaji wa kasi ya wastani. Akiwa hapo, mpira wenye uzito wa takribani gramu 140 humfikia kabla hajapata muda wa kufikiri, na pengine mwili wa mpigaji huufunika usionekane. Faida yake ni kwamba mpigaji huogopa kutoka nje ya mstari wake. Akinyanyua kisigino kwa sekunde moja tu, mlinda wiketi atakuwa amekwisha kudaka na kuviangusha vijiti vidogo vilivyolazwa juu ya vigingi. Ni kazi ya jicho, mkono na subira, wala haina uhusiano wowote na jinsia ya mtu. Mwaka 2018, Adam Gilchrist wa Australia, aliyewahi kuwa mlinda wiketi mashuhuri katika kriketi ya wanaume, alimtaja hadharani Taylor kuwa ndiye mlinda wiketi bora duniani kwa wakati huo, awe wa kike au wa kiume.

Takwimu zinaafiki. Hadi anastaafu mwaka 2019, Taylor alikuwa amecheza mechi 226 za kimataifa: 10 za Test, zile zichezwazo kwa siku kadhaa, 126 za ova hamsini na 90 za ova ishirini. Alikuwa amepata mikimbio 6,533, na katika historia ya Uingereza ni Charlotte Edwards peke yake aliyekuwa amemtangulia miongoni mwa wanawake. Nyuma ya vigingi alikuwa amechangia kuwaondoa wapigaji 232. Kati yao, 128 aliwadaka na 104 aliwaangushia vigingi. Hakuna mwanamke mwingine aliyekuwa amefikia idadi hiyo wakati huo. Tarakimu hiyo ya 104 ndiyo inayosimulia hadithi ya kusimama karibu.

Hata hivyo, takwimu zina tabia ya kuficha. Msomaji anayezipitia harakaharaka atadhani kuwa miaka hiyo kumi na mitatu ilikuwa mstari ulionyooka. Haikuwa. Mnamo mwezi Mei 2016, wiki chache baada ya Uingereza kutolewa na Australia katika nusu fainali ya ova ishirini nchini India, Taylor alitangaza kuwa angejitenga na kriketi kwa muda usiojulikana. Alikuwa na umri wa miaka ishirini na sita, umri ambao wachezaji wengi huhesabu kuwa ndio unaoanza kuzaa matunda. Baadaye alieleza waziwazi sababu. Alikuwa akiandamwa na wahaka mkali. Moyo ulimwenda mbio, kichefuchefu kikamshika, na zipo nyakati ambapo alilazimika kukimbilia msalani kutapika wakati wenzake wakiendelea na mchezo. Yule aliyesimama karibu na vigingi bila kupepesa jicho alikuwa ameshindwa kusimama karibu na nafsi yake.

Hapa ndipo maoni yanapotofautiana. Wapo wanaoshikilia kuwa mchezaji wa taifa ni mfano wa askari, na askari haachi lindo. Wanauliza: je, wenzake hawakuwa na hofu? Je, waliobaki hawakulazimika kubeba mzigo wake? Huu si upinzani wa kupuuzwa. Timu ni jahazi, na baharia anapoacha kasia, wenziwe huvuta kwa nguvu zaidi. Isitoshe, jamii nyingi, za Kiafrika zikiwemo, zimewalea watoto kwa wito mmoja: jikaze. Wito huo umewavusha wengi katika umaskini, misiba na mitihani. Atakayeudharau atakuwa amesahau alikotoka.

Lakini hoja ya lindo ina kasoro. Askari anayesinzia lindoni ni hatari kuliko lindo lisilo na askari, kwa kuwa kambi nzima hulala ikiamini kuwa inalindwa. Mlinda wiketi ambaye akili yake imetekwa na hofu hawezi kuufuata mpira, na anayebaki nyuma ya vigingi ili tu asionekane kuwa mwoga huwadhuru wenzake kuliko anayesema mapema kuwa hawezi. Taylor alisema mapema. Nafasi yake ikashikwa na wengine, naye akaenda kutibiwa.

Matokeo yake yanajulikana. Taylor alirejea mwaka 2017, akaingizwa katika kikosi cha Kombe la Dunia lililochezwa Uingereza. Tarehe 5 Julai mjini Bristol, dhidi ya Afrika Kusini, alipata mikimbio 147. Yeye na Tammy Beaumont, aliyepata 148, waliongeza mikimbio 275 kabla ya kutenganishwa. Siku kumi na tatu baadaye timu hizo zilikutana tena katika nusu fainali. Natalie Sciver alirusha mpira uliopita upande wa miguu ya mpigaji, Trisha Chetty, ambaye mwenyewe alikuwa mlinda wiketi wa Afrika Kusini. Chetty aliukosa, na mguu wake wa nyuma ukanyanyuka kidogo tu. Kabla haujatua, Taylor alikuwa amekwisha kuudaka mpira aliokuwa hauoni vizuri na kuviangusha vijiti. Uingereza ilihitaji mikimbio 219 kushinda. Taylor akachangia 54, na ushindi ukapatikana ikiwa imebaki mipira miwili na wiketi mbili. Tarehe 23 Julai, uwanjani Lord's, India walizimwa kwa mikimbio 219 walipokuwa wakifukuzia 229, na kombe likabaki nyumbani. Taylor alifikisha mikimbio 396 katika mashindano hayo.

Ni rahisi kuikatiza hadithi hapa, kombe likiwa mkononi na nderemo zikivuma, ili ionekane kuwa ugonjwa ulishindwa mara moja na kusahaulika. Kufanya hivyo kungekuwa kuupotosha ukweli. Wahaka si mafua. Mwaka 2018 Taylor hakwenda katika Kombe la Dunia la ova ishirini huko West Indies, na hatua hiyo ilichukuliwa kwa kushauriana na matabibu wa timu. Mnamo tarehe 27 Septemba 2019, akiwa na miaka thelathini, alitangaza kustaafu na kueleza kuwa afya yake ndiyo iliyomfanya afikie uamuzi huo. Mwenye kovu usidhani kapoa, walisema wahenga. Uamuzi wa 2019 haukuufuta ushindi wa 2017, wala ushindi wa 2017 haukuthibitisha kuwa uamuzi wa 2019 ulikuwa kosa. Yote mawili yalitokana na busara ile ile: mtu kuupima uwezo wake kwa uaminifu na kuutii ukweli anaouona.

Suala hili linawahusu vipi wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili? Linawahusu kwa njia mbili, na zote mbili ni za lugha.

Kwanza, ni suala la methali. Hakuna mwanafunzi wa Kiswahili asiyejua kuwa mvumilivu hula mbivu. Methali hii imeandikwa juu ya mbao nyingi za shule na kutolewa kama dawa ya kila jeraha. Mwanafunzi aliyeshindwa kulala kwa wiki tatu kabla ya mtihani huambiwa avumilie. Anayeogopa kusimama mbele ya darasa hadi mikono ikatetemeka huambiwa avumilie. Lakini methali yenyewe inasema nini hasa? Inamzungumzia mtu anayengoja tunda liive. Kungoja ni kutulia, si kujitwisha gunia juu ya gunia hadi mgongo uvunjike. Mwenye pupa ndiye anayelichuma bichi. Kwa tafsiri hiyo, Taylor aliyekaa nje mwaka mzima akiingojea nafsi yake ipone ndiye mvumilivu, na wale waliomtaka arudi uwanjani kesho yake ndio wenye pupa. Fauka ya hayo, hazina ya Kiswahili haikosi methali za upande wa pili. Wahenga wale wale walionya kuwa ngoma ikivuma sana hupasuka, na wakasema kuwa kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Kosa si la methali. Kosa ni la wanaochagua moja na kuzizika nyingine.

Pili, ni suala la msamiati. Mara nyingi husikika madai kuwa Kiswahili hakina maneno ya kuzungumzia maradhi ya namna hii, na kwamba anayetaka kuyaeleza hana budi kukimbilia lugha ya kigeni. Madai hayo si ya kweli. Kiswahili kina wahaka, fadhaa, jakamoyo, kiherehere cha moyo, kihoro na simanzi. Kila neno lina mahali pake. Fadhaa humjia mtu kwa ghafla ikamfanya asijue la kutenda. Jakamoyo hukaa na mtu hata pasipo sababu inayoonekana. Kihoro huletwa na msiba au pigo zito. Waliozipa hali hizi majina walizijua na kuzitofautisha. Kilichotokea ni kwamba maneno haya yameachiwa washairi na watunga kamusi, na midomoni mwa watu yakabaki mawili: "wasiwasi", ambalo humfanya mgonjwa aonekane anajisumbua bure, na "wazimu", ambalo humfanya aogopwe. Baina ya mawili hayo hapana pa kusimama. Mwanafunzi anayeumia atachagua kunyamaza kuliko kujiita mmojawapo.

Taylor aliposema hadharani lililomsibu, alikuwa na maneno ya kulisemea na watu waliyoyaelewa. Huo ni utajiri ambao haupimwi kwa fedha. Wasomi wa Kiswahili wakiyarejesha maneno haya katika makala, mijadala, tamthilia na mazungumzo ya bwenini, watakuwa wamefanya jambo ambalo daktari hawezi kulifanya peke yake: watakuwa wamempa mgonjwa njia ya kusema ninaumwa bila kujidhalilisha.

Ipo pia hoja ya taasisi, nayo haifai kufumbiwa macho. Huenda mkosoaji akasema kuwa Taylor aliweza kupumzika kwa sababu alikuwa na bahati. Mwaka 2014 Uingereza iliwapa wachezaji wake kumi na wanane wa kike kandarasi za kulipwa, naye akawa mmoja wao. Alikuwa na matabibu, kocha aliyemwelewa na nafasi iliyomngojea. Ni wanawake wangapi wanaocheza kriketi Nairobi, Kampala au Kigali walio na haki kama hizo? Hoja hii ni ya kweli. Hata mashindano ya Kwibuka, ambayo tangu mwaka 2014 yamewakutanisha wanakriketi wa kike nchini Rwanda kuwakumbuka waliouawa katika mauaji ya kimbari, huwa na wachezaji wengi wasioutegemea mchezo huu kwa riziki. Hata hivyo, uhaba wa nafasi hauwi sababu ya kuacha kuzidai. Ukionyesha lolote, waonyesha kuwa ujasiri wa mtu mmoja hautoshi. Chuo kinachomtaka mwanafunzi aseme anapoelemewa lazima kwanza kihakikishe kuwa akisema hatapoteza mwaka, ufadhili wala heshima. Mlango wa kutokea ukifungwa, hakuna atakayekiri kuwa nyumba inaungua.

Na mlango wa kurudia je? Taylor hakupotea baada ya 2019. Mnamo Machi 2021, klabu ya Sussex ilimpa kazi ya kuwafundisha walinda wiketi wa timu yake ya wanaume. Mwezi Novemba mwaka huo huo, alikuwa kocha msaidizi wa timu ya wanaume ya Abu Dhabi katika mashindano ya ova kumi. Msichana aliyeambiwa kuwa uwanja wa wavulana si mahali pake akawa ndiye anayewaonyesha wanaume mahali pa kuweka miguu. Laiti angejikaza mwaka 2016 hadi akavunjika kabisa, huenda kriketi isingempata tena, si kama mchezaji wala kama mwalimu.

Taylor amepata sifa nyingi kwa alichokidaka. Apewe basi na sifa ya alichokiweka chini. Katika kila darasa la chuo kikuu yupo mwanafunzi aliyechutama nyuma ya vigingi, akidaka kila mpira unaokuja, na hakuna anayepiga makofi kwa kuwa hakuna uliomponyoka bado. Siku atakapoinuka na kuanza kuzivua glavu zake, wenzake na walimu wake wasianze kwa kumwambia ajikaze. Waanze kwa kumuuliza anaumwa wapi, na wawe na maneno ya kulielewa jibu lake.